Nani Atamkaribisha Mwenyeji

Mlango ule ulinichosha kabla sijaupenda, na hata nilipoupenda haukuacha kunichosha. Ulisimama peke yake katikati ya jalala, nje ya Mji, hauna ukuta kushoto wala kulia, hauna paa, hauna nyumba nyuma yake. Ilikuwa ni fremu, ubao wa rangi ya buluu iliyobabuka, kitasa kisicho na ufunguo, na chini yake kizingiti kilicholika katikati kwa kukanyagwa na watu tusiowajua. Mtu mwenye akili zake angeuzunguka akaenda zake. Sisi tulisimama mbele yake, tukakohoa kidogo, tukaita hodi, tukangoja kuitikiwa. Mvua ikinyesha tulingoja huku tunalowa, na aliyekuwa ndani, yaani upande wa pili wa ubao, naye alikuwa analowa vilevile. Nimeishi na wapumbavu wengi, lakini hawa walikuwa wapumbavu wenye adabu, na wa namna hiyo ni vigumu kuwahama.

Mahali penyewe watu wa Mji walipaita Pembezoni. Sisi hatukupaita kitu; ya nini kupapa jina mahali ambapo hakuna atakayekuuliza unakaa wapi? Jua la pale lilifanya lilivyotaka. Kuna siku lilikaa utosini mpaka tukasahau kwamba duniani kuna jioni, na kuna siku jana ilikuja baada ya leo, ukajikuta unakunywa tena chai uliyokwisha kuinywa, nayo imepoa. Majina nayo hayakutulia. Mtu alilala na lake akaamka na la jirani yake, na wote wawili wakaona kulalamika ni usumbufu. Mimi nililalamika. Kwa sababu hiyo waliniita Bwana Lawama, na jina hilo halikunitoka tena, maana hakuna mwingine aliyelitaka.

Mji ulikuwa palepale, ng'ambo ya mtaro, unang'aa. Milango yake ilifunguka yenyewe. Ilikutazama kwa jicho dogo jekundu lililowekwa juu ya fremu; ikikuona unafaa, inajitenga katikati bila kelele; isipokuona, simama mpaka miguu ivimbe, haifunguki, wala hakuna wa kumlaumu. Hiyo ndiyo raha ya wenye Mji: hakuna mtu hata mmoja aliyekufukuza. Walipoweka milango hiyo waliing'oa ile ya zamani wakaja kuitupa kwetu, malori kwa malori, na neno hodi wakalitupa humo humo, kwa kuwa halikuwa na kazi tena kwao. Sisi milango tuliichoma. Tuliivunja tukapikia maharagwe, tukaota moto wakati wa kipupwe, na sikumsikia mtu akisema anaona vibaya. Ulinusurika mmoja tu, huu wa buluu, kwa kuwa Bi Kidawa aliukalia.

Bi Kidawa alikuwa mwanamke mfupi, mwenye kanga mbili zilizopauka na sauti iliyomzidi kimo. Hakuna aliyejua alifika lini. Alichimbia fremu ardhini, akaishindilia kwa mawe, akatandika kipande cha jamvi nyuma yake, akaketi. Mtu wa kwanza aliyepita karibu akaambiwa: "Usinipitie hivyo, mimi si kichaka. Piga hodi." Mtu huyo, ambaye tangu atoke Mjini hakuwa ameambiwa chochote zaidi ya "ondoka", akasimama, akaita hodi, na yeye akamwitikia: "Karibu. Pita ndani. Karibu kitako. Watokako hawajambo?" Hatukuwa na tutokako. Ndiyo maana tulikuwa pale. Lakini alipotuuliza hivyo, kila mmoja wetu alimjibu kwamba hawajambo, wanamsalimu sana, na uongo huo ulitushibisha kuliko maharagwe.

Ilichukua muda mpaka tukajua kwamba haikuwa adabu tupu. Pembezoni, mtu asiyekaribishwa alifutika. Hakufa, kufa kungekuwa nafuu, kuna mazishi na watu wanapika. Alifutika. Kwanza habari zake zilihamia kwenye vinywa vya wengine, ukamsikia mtu akisimulia utoto usio wake na akilia machozi ya kweli. Kisha watu wakakalia mahali pake bila kuomba radhi. Mwisho miguu yake ikaacha kuchora udongo. Palikuwa na fundi nguo pale, mwanamume mwenye majivuno, aliyesema hawezi kubisha mlango usio na nyumba kama mwendawazimu. Siku moja tuliiona cherehani imekaa juani peke yake, na tukaulizana ni ya nani. Hata sasa siukumbuki uso wa fundi huyo. Najua tu kwamba kuna uso nisioukumbuka, na jambo hilo huniudhi kila nikiona sindano.

Basi tukaanza kubisha kwa bidii. Kila mtu na zamu yake, kila siku, kama siku ilikuwepo. Machano, ambaye alikuwa bawabu Mjini kabla milango haijaanza kujifungua na kumfanya asiwe na kazi, alibisha kwa vifundo vya vidole, kwa heshima, akiwa amefunga vifungo vyote vya shati. Sikitu, mwenye birika, aliingia na mchaichai alioung'oa kando ya mtaro, akachemsha chai ya rangi humo ndani, kwenye upepo. Na mimi nilibisha. Nilibisha huku nimenuna, lakini nilibisha.

Hodi. Nimelifikiria neno hilo mpaka likanitoka maana, nikalingoja lirudi. Anayeita hodi haulizi kama ndani kuna mtu. Mara nyingi anajua yumo. Anamsikia akiosha vyombo. Anauliza habari zake mwenyewe. Mimi ni wa kuingia? Mimi nipo? Na yule aliye ndani, hata awe na jamvi moja lililooza, ana mamlaka ambayo majeshi hayana: anaweza kukujibu kwamba upo. Mji uliyajua hayo. Ulitaka karibu zote ziwe mikononi mwake, ukazitia ndani ya jicho jekundu, kisha ukatuambia ni maendeleo. Nani alimpa mtu mamlaka ya kumwambia mtu mwenzake kwamba yupo? Na akishampa, yeye mwenyewe anaambiwa na nani? Niliuliza swali hili mara nyingi. Machano alisema nina homa. Sikitu alinipa chai.

Mimi nilitoka Mjini kwa sababu ya hodi. Nilirudi nyumbani kwangu baada ya safari ndefu, na mtu akitoka safari haingii hivi hivi hata kama nyumba ni yake. Huenda mna wageni, huenda wanawake wamevua kanga. Nikasimama, nikabisha. Ndani redio ilikuwa inanguruma. Nikabisha tena. Nikabisha ya tatu. Adabu niliyofundishwa ni hiyo: hodi ni tatu, usipoitikiwa unaondoka, wala huchungulii dirishani. Nikaondoka. Niliporudi tena, mlango ulikuwa umeng'olewa na mahali pake pana jicho, na jicho halikunifahamu. Nilimsimulia Bi Kidawa habari hii siku nyingi zilizopita, au zijazo, nikitaka anihurumie.

"Redio ilikuwa inasema nini?" aliniuliza.

"Matangazo ya vifo."

Alinitazama sana. "Basi, baba, walikuwa wanasikiliza kama umo."

Nilikasirika, nikatoka bila kuaga. Lakini tangu siku hiyo kila nilipobisha kwake nilingoja jibu nikiwa na woga wa kitoto, na kila mara alijibu kabla sijafika ya pili. Sikupata kumshukuru. Mtu humshukuru anayempa kitu. Anayekupa wewe mwenyewe, unaanzaje kumshukuru?

Siku ambayo mambo yaliharibika ilianza vizuri, jambo ambalo lingetosha kunipa wasiwasi. Tulikuwa tumeketi kando ya mtaro, Sikitu akipepea moto, na Machano akawa anasimulia. Alisema utotoni mama yake alimtuma kuazima chumvi kwa jirani. Alipofika akamkuta jirani analia peke yake, akaona haifai kumwomba chumvi mtu anayelia, akamshika mkono akamleta nyumbani. Mama akauliza, chumvi iko wapi? Naye akajibu, nimekuletea mwenye chumvi. Sikitu alicheka mpaka akamwaga maji.

"Hiyo si yako," nikamwambia. "Hiyo ni ya Bi Kidawa. Ametusimulia mara ngapi?"

"Ya nani?" akauliza Machano.

"Bi Kidawa."

Akakunja uso, akamtafuta moyoni mtu wa jina hilo. "Lawama, wewe nawe. Chumvi nilitumwa mimi. Naikumbuka mpaka bakuli nililobeba. Lilikuwa na ufa."

Nikamgeukia Sikitu. Alikuwa ameshika birika, amesita. "Bi nani?" akasema, polepole, na nikaona anaona aibu, ila hajui ya nini.

Niliinuka nikakimbia. Kwa umri wangu sipaswi kukimbia, na jalala si mahali pa kukimbilia, lakini nilikimbia, nikajikwaa, nikatukana makopo. Mlango ulikuwa mahali pake. Nikaita hodi nikiwa sina pumzi, na jibu likachelewa. Kwa mara ya kwanza lilichelewa. Nilifika ya tatu ndipo likaja, kwa mbali, ingawa kati yetu palikuwa na ubao tu.

"Karibu. Pita ndani. Karibu kitako. Watokako hawajambo?"

Niliingia. Alikuwa ameketi palepale alipoketi siku zote, mkono ameuweka magotini, na kupitia mkono huo niliona msuko wa jamvi. Ukindu mmoja ulikuwa umekatika. Niliuona wazi.

Hapo ndipo hasira ilinishika, na sikujua nimkasirikie nani, kwa hiyo nikawakasirikia wote. Tulikuwa tumefanya hesabu ya kipumbavu, hesabu ambayo wangeweza kuifanya watu kama sisi tu, tulioshikilia adabu mpaka tukapofuka. Kila mtu alibisha kwa Bi Kidawa. Kila mtu aliingia, akaketi, akanywa, akatoka akiwa amenenepa nafsi. Karibu haitoki hewani; inamtoka mtu. Wenyewe husema mgeni njoo mwenyeji apone. Huyu wetu wageni walikuja, wakaja, wakaja, na haponi. Hakuna aliyejiuliza yeye mwenyewe alibisha wapi. Tulimwona ni mlango, na mlango unakaribishwa na nani?

"Bi Kidawa," nikamwambia, "hebu tazama mkono wako."

Aliutazama, akaufunika kwa kanga. "Nimeuona kabla yako. Kunywa chai."

"Karibu, Bi Kidawa," nikasema. Nililisema kwa haraka, kwa nguvu, kwa jinsi mtu anavyompiga mgongoni aliyepaliwa. "Karibu. Karibu sana."

"Ahsante, nimeshakaribia."

Nilijua atajibu hivyo. Ukila mbele ya mtu unamwambia karibu chakula, naye anakuambia ahsante, na wote mnajua hataonja. Karibu isiyobishiwa ni salamu tu. Haina uzito, haisimamishi mtu. Ilibidi aombe. Ilibidi asimame mbele ya mlango wa mtu, awe nje, ajue kwamba anaweza asiitikiwe, na abishe hivyo hivyo. Na huyu mwanamke, tangu siku ya chumvi ile, hajawahi kumwomba mtu kitu. Hata chumvi hakuiomba.

"Toka nje ubishe," nikamwambia. "Mimi nitakaa hapa, nitakuitikia."

"Mwenyeji hapigi hodi kwake."

"Mimi nilipiga."

"Na uliishia wapi?" Alitabasamu kidogo, na nikaona kupitia tabasamu lake fremu iliyokuwa nyuma. "Bwana Lawama, watu wanasubiri nje. Ukimaliza chai waachie wengine nafasi. Mimi nikiondoka hapa, nani atawaitikia? Wewe? Wewe ukimwona mtu anakuja unageukia upande mwingine."

"Na ukifutika, nani atawaitikia?"

"Wakati huo hamtakumbuka kwamba mliitikiwa. Hamtaumia." Alisema hivyo kama anayenifariji, na sijapata kutukanwa vibaya zaidi.

Nilitoka. Nilizunguka jalala nikijisemea peke yangu, na nilijisemea maneno mabaya. Kuna kiburi cha anayechukua, nacho kinajulikana, kimelaaniwa misikitini na makanisani. Lakini hiki kingine, kiburi cha anayetoa na hataki kupokea, nani amekilaani? Kinavaa kanga safi kikaitwa wema. Wewe unampa kila mtu nafsi yake, halafu mtu akitaka kukupa tone moja unamwambia nimeshakaribia. Umeshakaribia wapi? Unatufanya sote wadeni halafu unakufa na deni letu, na hata kumbukumbu yake unatunyima. Huo ni ubahili, Bi Kidawa. Ubahili wa namna yake. Niliyasema haya yote kwa sauti, kwa cherehani isiyo na mwenyewe.

Kisha nikarudi nikauiba mlango.

Bi Kidawa alikuwa amesinzia. Nilisukuma mawe kwa mguu, nikaing'oa fremu, ubao ukanipiga kisogoni, kitasa kikanikwaruza sikio. Sijabeba mlango tangu kuzaliwa na sipendekezi kwa mtu. Niliuburuta kupita kati ya watu waliokuwa kwenye foleni ya kubisha, na Machano, aliyekuwa mbele, amefunga vifungo vyake, akanitazama kwa mshangao.

"Mlango wa nani huo, Lawama?"

"Huujui?"

Alifikiri. "Ni wa mtu," akasema mwishowe. "Nahisi ni wa mtu. Urudishe."

"Nauchukua kwa ajili ya mtu huyo huyo. Ondoka njiani, bwana, unaniumiza mgongo."

Niliusimika kando ya mtaro, mahali ambapo ardhi ni laini na harufu ni kali, nikaushindilia kwa matofali mabovu. Ulikaa upande. Sikuwa na jamvi, nikatandika koti langu. Nikaketi nyuma ya ubao nikautazama kwa ndani, na nikashangaa, kwa kuwa sikuwahi kuuona upande huo. Haukuwa na rangi. Ulikuwa mbao tupu, na mahali pa urefu wa kichwa cha mtu aliyeketi palikuwa na alama nyeusi ya jasho. Alikuwa ameegemeza kichwa pale. Kati ya hodi na hodi, alikuwa anaegemea.

Nilingoja. Jua lilikuwa limekaa mahali pamoja, halitaki kupanda wala kushuka. Kisha nikamsikia anakuja, siyo miguu, kwani miguu yake haikuwa na kishindo tena, bali lawama, ambazo nilidhani ni mali yangu peke yangu.

"Mtu mzima ovyo! Nimekupa chai, nimekupa kitako, unaniibia! Nipe mlango wangu."

"Uko ndani kwangu," nikasema kwa nyuma ya ubao.

"Kwako wapi, wewe mwizi? Umekaa juu ya koti mtaroni."

"Hapa hapa nilipokaa. Kwa mtu hakuingiwi hivi hivi, Bi Kidawa. Wewe ndiye uliyenifundisha."

Angeweza kuzunguka. Nataka jambo hili lieleweke, kwa kuwa ndilo lililonifanya nimpende na nitake kumzaba kibao kwa wakati mmoja: hapakuwa na ukuta. Kushoto palikuwa wazi, kulia palikuwa wazi. Hatua chache tu angekuwa mbele yangu, angenishika sikio, angebeba mlango wake na kwenda kufutikia kwake kwa amani. Nilikiona kivuli chake kikisita upande huu, kikasita upande ule. Hakuzunguka. Asingeweza, kama ambavyo mimi sikuweza kuchungulia dirishani kwangu siku ile.

"Hodi," akasema, kwa hasira.

Nikafungua kinywa, na hakikutoka kitu.

Nilikuwa sijalipigia hesabu hilo. Nilidhani kazi ni kumfanya abishe. Nilisahau kwamba mimi, katika maisha yangu yote Pembezoni, sikuwahi kumwambia mtu karibu kwa moyo. Na nilijua sasa inatoka wapi. Nikimwitikia huyu, nimekuwa mwenye mlango. Kesho, ikiwepo, watakuja wote, Machano na vifungo vyake, Sikitu na birika lake, na wale ambao bado Mji haujawatupa, nao watasimama hapo waulize kama wapo, na mimi nitatakiwa kujikatakata niwagawie. Kisha mkono wangu utaonyesha koti. Mimi nani aliniitikia? Nilibisha kwangu, kwa damu yangu, na redio ikaendelea. Nilikuwa na haki ya kunyamaza. Haki hiyo nilikuwa nimeilisha na kuinenepesha miaka mingi, na sasa ilikuwa imenikaa kooni.

"Hodi," akasema mara ya pili. Hasira ilikuwa imetoka ndani yake. Ilikuwa hodi ya mtu anayeuliza kweli.

Nililia. Naona aibu kusema, lakini nililia kwa hasira, hasira juu yake, juu ya Mji, juu ya mtu yeyote aliyeipanga dunia hivi, ya kwamba mtu hawezi kujisimamisha mwenyewe, lazima amngoje mwingine, na huyo mwingine ni mtu kama mimi.

Hodi ya tatu sikuisikia. Kulikuwa na ufa kwenye ubao, nami nikaweka jicho langu hapo, na nikaona midomo yake ikitembea bila sauti. Nyuma yake, kupitia yeye, niliuona Mji mzima. Alingoja kidogo, kwa heshima. Kisha, kwa kuwa hodi ni tatu na usipoitikiwa unaondoka, akageuka aondoke.

"Karibu!"

Lilitoka pamoja na kikohozi na makamasi, sauti mbaya isiyofaa hata kumwita mbuzi. Alisimama. Alikaa amenipa mgongo kwa muda, na nikaona kwamba sasa Mji siuoni wote. Kulikuwa na bega katikati.

"Hivyo ndivyo mnavyokaribisha watu kwenu?" akauliza. "Kwa kikohozi?"

"Niache, Bi Kidawa, ndiyo kwanza naanza."

"Anza vizuri."

Nikajifuta uso kwa mkono wa shati. Nikasimama, nikafungua ubao, na bawaba zikalia vibaya kwa sababu nilikuwa nimeusimika upande. "Karibu, Bi Kidawa. Pita ndani. Karibu kitako." Nikatafuta kilichobaki, nikakipata. "Watokako hawajambo?"

Alikuwa ameshanyanyua mguu avuke kizingiti, na mguu ukabaki hewani. Maneno hayo aliwauliza watu mpaka yakawa mate kinywani mwake, na hakuna aliyekuwa amemuuliza yeye. Sisi sote tulidanganya tulipoulizwa. Nilimwona anautafuta ule uongo, uongo mwepesi tu, wa hawajambo wanakusalimu.

"Sijui," akasema. "Sijui kama wapo. Nilikuwa na dada yangu. Sijui hata kama ananikumbuka."

Akaukanyaga udongo wa ndani, na mguu wake ukachora unyayo. Niliutazama unyayo ule kwa namna ambayo wengine hutazama mtoto mchanga: vidole vitano, na kisigino kilichopasuka.

Aliketi juu ya koti langu akalikosoa. Alisema lina chawa. Alisema mlango umekaa upande, mgeni mwenye kilo zake atauangusha. Aliniuliza mwenyeji gani hana hata maji ya kumpa mtu aliyetembea juani, nikamwambia ni mwenyeji aliyebeba mlango peke yake, akasema hakunituma. Kisha akaegemeza kichwa kwenye fremu, akatazama mikono yake, ambayo sasa ilikuwa mikono, yenye mishipa na kucha chafu.

"Nimechoka, Bwana Lawama," akasema.

"Najua."

"Hujui. Nimechoka sana." Alisema hivyo kwa mshangao, kama mtu anayesikia habari za jamaa yake wa mbali. "Kulala mahali ambapo hutakiwi kumsikia mtu akibisha. Sijui kulikuwaje."

"Lala. Nitasikia mimi."

Alinitazama kwa mashaka makubwa, na alikuwa na haki. Kisha akajifunika kanga, akalala, mchana kweupe, mdomo wazi, akakoroma. Nilijaribu kumsogezea koti afunike miguu, lakini alikuwa amelilalia lote, mimi nimebaki na udongo mbichi. Tumbo lilikuwa linaniuma kwa njaa. Kisogo kiliniuma, sikio liliniuma, na nilikuwa na maneno mengi ya kumwambia kuhusu kiburi, niliyoyapanga vizuri kwa mpangilio, ambayo sasa hayakuwa na wa kuyasikia.

Nje kukawa na nyayo. Zilikuwa nyingi, zinasitasita, za watu waliotafuta mlango mahali pake wakaukosa, wakafuata mburuzo. Nikamsikia Machano akifunga vifungo. Nikasikia birika likigongana na goti. Sikutaka kumwona mtu yeyote. Nilitaka waende mbali, wapotelee huko, waniache na usingizi wa mtu mmoja tu, ambao hata huo niliona utanishinda.

"Hodi," akaita Machano, kwa vifundo vya vidole, taratibu.

Nilishusha pumzi.

"Karibuni," nikasema. "Lakini msipige kelele. Nina mgeni, amelala."